Godoro la Mwenye Kope

Ukimwamsha aliyelala, utalala wewe. Wakubwa wanaipenda sana methali hii. Huitoa mfukoni kila wanapomwona mdogo ameanza kuuliza maswali, kana kwamba wahenga waliitunga kwa ajili yao peke yao: usimfumbue mtu macho ukaja kukosa wa kumshika mkono. Lakini hao hao wanaoipenda huisahau siku wanayoihitaji, kwa maana mwenye kiburi huona kila onyo limeandikiwa jirani. Kisa cha Kodo, msimamizi wa ukumbi wa kushonea katika kiwanda cha magodoro, kinatosha kuwa ushahidi.

Kodo halikuwa jina lake. Wanawake wa ukumbini walimwita hivyo kwa sababu ya macho yake, yaliyokodoka saa zote kama ya samaki aliyetolewa majini. Mtu huyu hakuwa akipata usingizi. Kutwa alizungukwa na magodoro yaliyopangwa hadi kugusa dari, na nyumbani kwake lilikuwapo godoro la sufi safi lililoshonwa na mafundi bora. Lakini akijilaza tu, usingizi ulimkimbia kama anayedaiwa. Alijigeuza ubavu huu, akajigeuza ule, akavuta shuka, akaitupa. Mkewe alihamia chumba cha watoto, akamwambia kwamba kulala na yeye ni sawa na kulala na mtu anayekanda unga.

Kwa hiyo Kodo aliingia kazini kila asubuhi akiwa amechoka kuliko alivyotoka, na hakutulia mahali. Alizunguka ukumbini kama nzi wa chooni. Aligusa mshono huu, akaliinamia godoro lile, akaitazama saa ya ukutani, akarudi tena kwenye mshono ule ule.

Ukumbi wenyewe ulikuwa mrefu, wa paa la bati, na madirisha yake yote yalipigiliwa misumari ili upepo usiipeperushe sufi. Humo ndani sufi ilielea kama ukungu. Ilitua juu ya nyusi na kwenye matundu ya pua, na kufikia adhuhuri hata msichana wa juzi alionekana ana mvi. Wanawake walikaa wawili wawili kwenye kila godoro. Mmoja aliizamisha sindano ndefu kutoka juu, mwenzake akaipokea chini kwa koleo, akairudisha, kisha wakafunga kifungo. Walikohoa wakishona. Kikohozi hicho walikiita “mgeni”, na walipenda kutaniana: “Mgeni wako jana aliondoka?” “Aondoke aende wapi, na amekwisha zoea nyumba?”

Ilikuwapo desturi moja katika kazi ile. Godoro likishajazwa, kabla ya kufungwa pembe zake, lazima lilaliwe, vinginevyo sufi hukusanyika upande mmoja na mnunuzi akalala juu ya kilima. Waliiita kulaza sufi. Tangu enzi za aliyekianzisha kiwanda, kazi hiyo waliifanya wanawake wenyewe. Baada ya chakula cha mchana walijitupa juu ya magodoro mapya, wawili kwa kila moja, wakalala kidogo, wakaamka wakiwa watu. Ilikuwa kazi, nayo ilikuwa pumziko. Katika siku nzima, kipande hicho tu ndicho kilichokuwa chao.

Na kabla hawajafumba macho, mama mdogo wa Kodo, mdogo wa marehemu mama yake, aliwasimulia habari za Mwenye Kope.

Mwenye Kope, alisema, ndiye mungu wa hadithi, wa wakati na wa ndoto. Amelala ubavu chini ya sakafu ya dunia, katika shimo lenye umbo lake mwenyewe, na kila jicho lake lina kope tatu. Ukope wa kwanza ukitikisika, hadithi humdondokea mtu kinywani bila kujua imetoka wapi. Ukope wa pili hupanda na kushuka kwa pumzi zake, na kila upandapo siku husogea. Ukope wa tatu haujafunguka bado, na nyuma yake zimo ndoto zote ambazo watu wameziota bila kuzipata. Tena Mwenye Kope hapotezi kitu. Kila saa aliyoporwa mtu aliyechoka, yeye huiokota, akaikunja, akaiweka chini ya kichwa chake. Mto wake sasa ni mrefu kama ngazi. Siku atakayoamka ataufumua, na kila mmoja atapewa chake mkononi.

“Amelala?” mama mdogo aliuliza kila siku mwisho wa hadithi.

“Amelala,” waliitikia.

“Tumwamshe?”

“Ataamka mwenyewe.”

Kisha ukumbi mzima ulikoroma.

Watu wenye kumbukumbu fupi walisema wanawake wale wamezaliwa wapole. Hakuna anayezaliwa mpole. Zamani, mama yake Kodo alipokuwa akishona ukumbini humo, wanawake walisimama wakataka madirisha yafunguliwe. Walitupwa nje wote kwa siku moja kama makapi, na misumari ikaongezwa. Mama yake Kodo alikufa kwa kikohozi, huku akimsihi mwanawe asikubali kumeza vumbi lile. Mwana alishika nusu ya wosia: hakulimeza vumbi, aliwasimamia waliolimeza. Mama mdogo, ambaye siku ile alikuwa mgonjwa nyumbani, ndiye pekee aliyebaki. Wapya walipoletwa, aliwatazama, akaona wana watoto, akaanza kuwasimulia habari za mungu aliyelala. Hadithi ile ilikuwa tamu, nayo ilikuwa dawa ya usingizi. Waliochelewa kuachiwa jioni walisema, “Mwenye Kope ameona.” Waliokohoa hadi kutapika walisema, “Iko kwenye mto.” Nani atagombania kitu anachoamini kimetunzwa?

Kodo hakuyafikiria hayo. Alichokijua ni kwamba kila adhuhuri alisimama katikati ya watu waliolala fofofo, midomo wazi, mikono imelegea, na yeye peke yake macho makavu. Aliwaonea wivu. Aliwahi kujaribu kujilaza pembeni. Alihesabu mabati ya paa hadi wakaamka.

Basi siku moja Tajiri, mwenye kiwanda, aliteremka ukumbini na habari kwamba yanatakiwa magodoro ya mabweni, mengi na kwa haraka, malori yameshapangwa. Kodo akaona mlango umefunguka. Alimweleza Tajiri kwamba muda wa kulaza sufi ni hasara tupu, kwamba mifuko ya mchanga ingeifanya kazi ile ile. Mchanga, alisema, haukoromi. Tajiri alicheka hadi akashika tumbo. Akamwambia shehena ikitoka kwa wakati, atampandisha ofisi ya ghorofani, yenye kiti cha kuegemea. Kodo alishuka ngazi akiamini kwamba katika kiti kile, ghorofani, mbali na mikoromo ya watu, usingizi utamjia wenyewe kama paka.

Mifuko ya mchanga ikaletwa. Wanawake waliotaka kujilaza walikuta mahali pao pamekaliwa. Mmoja wao, mfunga vifungo aliyeitwa Chapuo kwa wepesi wa mikono na ulimi, aliupiga mfuko kofi akauliza, “Huyu bwana naye ana mgeni, au bado?” Walicheka, wakarudi kwenye sindano.

Lakini mwili haudanganywi kwa kicheko. Kabla wiki haijaisha walikuwa wanasinzia wameketi. Sindano ziliteleza, vidole vikachomwa, kitambaa cheupe kikatiwa madoa ya damu, na magodoro yaliyokwisha fungwa ikabidi yafumuliwe. Kodo alikimbia huku na huko akigonga bomba la chuma kwa nyundo kuwazindua. Walizinduka wakamtazama bila chuki, jambo lililomkera kuliko matusi, wakanong’onezana, “Ataamka mwenyewe,” kisha vichwa vikainama tena. Kazi ilikwenda mwendo wa kinyonga. Tajiri aliuliza mara moja tu shehena imefikia wapi, na sauti yake haikuwa na kicheko.

Hapo ndipo Kodo, katika kujigeuza kwake kitandani, alipopata wazo alilolidhani la werevu mkubwa. Watu hawa wanasinzia kwa sababu mungu wao anasinzia. Ukitaka kuondoa moshi, ondoa moto. Asubuhi alimwita mama mdogo kwenye kibanda chake cha vioo, akamtaka awaambie wanawake kwamba Mwenye Kope ameamka. Ameamka, yuko kazini, na hakuna tena kulala.

Mama mdogo aliketi bila kukaribishwa. Alikuwa mwanamke mkavu kama ukuni, mwenye vidole vilivyopinda kwa sindano.

“Mwanangu,” alisema, “unajua ninachokifanya mimi humu ndani?”

“Unashona magodoro, mama.”

“Nashona jicho. Miaka yote hii nalishona lile jicho lisifunguke. Niliona kilichompata dada yangu, nikasema hawa wengine bora walale kuliko watupwe. Na wewe umekula ugali wa usingizi wao, usijifanye hujui.”

Kodo alimwambia hana haja na mafumbo, ana malori.

“Basi nikwambie kipande nisichowahi kuwasimulia,” alisema mama mdogo. “Lile shimo la Mwenye Kope halikai tupu. Akiinuka yeye, lazima alale mwingine mahali pake. Na anayelala ni yule yule aliyemwamsha. Ukimwamsha aliyelala, baba, utalala wewe.”

Kodo alicheka. Ilikuwa mara yake ya kwanza kucheka tangu kipupwe. Alisema kama adhabu yenyewe ni kulala, basi na aletewe hata leo.

“Haya,” mama mdogo alisema akiinuka. “Nisije nikaambiwa sikusema.”

Adhuhuri ile wanawake walishangaa kumwona amesimama juu ya stuli, kwa maana tangu mifuko iletwe hadithi ilikuwa imekoma. Msimamizi alisimama karibu naye, mikono nyuma, akipandisha na kushusha visigino. Mama mdogo hakuwa na haraka. Aliwakumbusha shimo, akawakumbusha kope, akawakumbusha mto. Kisha akauliza, kama zamani:

“Amelala?”

“Amelala,” walijibu, wengine wakipiga miayo.

“La. Ameamka.”

Sindano zilisimama katikati ya magodoro. Hata mgeni alisahau kukohoa.

Mama mdogo akaendelea kwa sauti ile ile isiyopanda wala kushuka. Alisema Mwenye Kope ameketi kitako. Ukope wa tatu umefunguka. Anautazama mto wake, anajiuliza aanze kuufumulia wapi. Na wasimshukuru yeye kwa habari hii, maana si yeye aliyemwamsha. Aliyemwamsha ni huyu hapa.

Kodo akaona heshima ya siku inataka kumpita. Alijitokeza mbele, akasafisha koo. “Ni kweli,” alisema. “Nimemwamsha mimi. Mambo ya kulala yamekwisha.”

Chapuo aliinua mkono kwa adabu, kama mwanafunzi.

“Samahani bwana msimamizi, tusije tukasikia vibaya. Ameamka kabisa, au ni kujigeuza tu?”

“Ameamka kabisa.”

“Una hakika?”

“Nimekwambia nimemwamsha mimi.”

“Basi mto uko wapi?”

Kodo alipepesa macho. “Mto gani?”

Hakuna aliyecheka. Wanawake walitazamana, na kitu kikapita kutoka jicho hadi jicho, kama sindano inavyopita kutoka mkono wa juu hadi mkono wa chini. Kwa miaka wasiyoikumbuka walikuwa wakingojea siku moja. Mtu yule yule aliyefaidika na kungoja kwao alikuwa amekuja kuwaambia, kwa kinywa chake, mbele ya mashahidi, kwamba siku yenyewe imefika.

“Mto wenye saa zetu,” alisema Chapuo, sasa bila adabu ya mwanafunzi. “Za jioni. Za mchana. Na pumzi zetu. Mwenye navyo ameamka, umemwamsha wewe, tunakushukuru. Sasa tunataka vyetu.”

Aliinuka, akausukuma mfuko wa mchanga uliokuwa karibu naye. Ukaanguka chini kwa kishindo, ukapasuka. Mwingine akaanguka, kisha wa tatu, halafu ikawa kama ngoma. Kodo alipiga bomba kwa nyundo, lakini nani azinduliwe tena? Alipogeuka aliwaona wengine wamekwisha panda juu ya viti penye madirisha. Walikuwa wanang’oa misumari kwa koleo zile zile za kuvutia sindano. Msumari wa kwanza ulilia. Ulikuwa umekaa pale tangu enzi za mama yake.

Dirisha likafunguka, na upepo, uliongojea nje miaka yote hiyo, ukaingia bila hodi. Sufi yote iliyokuwa sakafuni na darini iliinuka kwa pamoja. Ilizunguka, ikajikusanya, ikapanda kuelekea paa, na Kodo akaona, au macho yake makavu yalimwonesha, bega kubwa likiinuka kutoka sakafuni. Akaona shingo, akaona kichwa kisicho na mwisho, na chini ya paji kope tatu zikifunguka moja baada ya nyingine, bila haraka, kama mtu aliyelala vya kutosha. Saa ya ukutani ilisimama. Jicho halikumtazama kwa hasira. Lilimtazama kama mtu anayemwachia mwenzake kitanda.

Sufi ikatoka madirishani, ikaenda zake.

Wanawake walipoweza kuonana tena, waliketi juu ya magodoro, wakakunja mikono. Hawakupiga kelele, hawakuvunja kitu. Malori yalipiga honi uani. Tajiri aliteremka mbio, tai yake begani, akaanza kwa vitisho, akauliza nani kiongozi wao. Walimjibu kwa pamoja, na hawakusema uongo, kwamba aliyeanzisha ni msimamizi. Yeye ndiye aliyemwamsha.

“Amemwamsha nani?” aliuliza Tajiri.

“Muulize,” alisema Chapuo.

Tajiri alimgeukia Kodo, naye Kodo akafungua kinywa kujitetea, ukatoka mwayo. Mwayo mrefu, wa mwili mzima, uliompasua taya na kumtoa machozi. Aliomba radhi, akajaribu tena, mwayo wa pili ukamkata kauli. Tajiri akadhani anadharauliwa.

Yaliyofuata yalijadiliwa bila Kodo. Wanawake walitaka madirisha yasipigiliwe tena, kulaza sufi kurudi mikononi mwao, na jioni kengele ikilia mlango uwe wazi. Tajiri alitishia kuwatupa nje wote kama baba yake alivyofanya. Mama mdogo, aliyeshuka kwenye stuli, alimkumbusha kwa upole kwamba baba yake hakuwa na malori yanayonguruma uani siku ile, na kwamba huko nje hakuna mtu anayejua kufunga pembe ya godoro la sufi lisifumuke. Tajiri alitazama malori. Akatazama magodoro ambayo pembe zake hazijafungwa. Alikubali kwa meno, si kwa moyo, na wanawake waliliona hilo. Kwa hiyo walikubaliana hapo hapo kwamba koleo zitakaa mifukoni mwao, si kwenye sanduku la kiwanda. Mwenye kukubali kwa meno huchungwa.

Wakati wote huo Kodo alikuwa anapambana na kope zake. Zilikuwa nzito kama mifuko ya mchanga. Aliegemea nguzo, nguzo ikawa laini. Alipiga hatua kuelekea ngazi za ghorofani, kwenye kiti chake, akajikwaa kwenye godoro lililojazwa lakini halijalaliwa. Akaliangukia kifudifudi. Sufi ilitoa pumzi chini yake, ikashuka taratibu, ikafanya shimo lenye umbo lake. Alitaka kusema kwamba yeye ndiye msimamizi. Hakumaliza.

Alilala wakati Tajiri alipomnyang’anya funguo kiunoni. Alilala malori yalipopakiwa, akalala kengele ilipolia na mlango ukawa wazi, jua likiwa bado lipo, na wanawake wakasimama kizingitini wakisitasita kidogo, kama watu wasiojua mwanga wa saa ile una joto kiasi gani. Mama mdogo alirudi akamfunika mtoto wa dada yake kwa kipande cha kitambaa, akamwinua kichwa, akatia foronya iliyokunjwa.

Kodo aliota, kwa mara ya kwanza tangu alipoanza kusimamia watu. Aliota yuko chini ya sakafu ya dunia, ubavu mmoja, na juu yake zinapita nyayo nyingi, za watu wanaotembea kwa wakati wao wenyewe. Aliwaita. Sauti haikutoka. Juu kabisa, kwa mbali, alisikia mtu akiuliza:

“Amelala?”

“Amelala.”

“Tumwamshe?”

Kikapita kicheko, na sauti aliyoijua, sauti ya mfunga vifungo, ikajibu kwa wote:

“Ataamka mwenyewe.”

Wahenga hawakuwa na haraka, na hawakukosea: ukimwamsha aliyelala, utalala wewe.